Majina ya Ugonjwa na Amana ya Habari: Kuelewa Maneno ya VVU na UKIMWI

(Nakala ya mhadhara uliotolewa katika ukumbi wa jumuiya baada ya Sala ya Tarawehe, kabla ya Witri)



Sifa njema zote zinamstahikia Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote, aliyemfundisha baba yetu Adam majina ya vitu kabla ya kumkabidhi ukhalifa wa ardhi. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba zake wote. Ama baad.

Waheshimiwa wazee wangu, mama zangu na dada zangu mlio upande wa pili wa pazia, na nyinyi vijana mliojipanga kule nyuma karibu na mlango: mada ya usiku huu imeletwa na kamati ya akina mama. Miongoni mwao wamo dada zetu watatu wanaofanya kazi ya ukalimani hospitalini. Walinijia na karatasi. Juu yake wameandika maneno ambayo daktari huyasema kwa Kiingereza, nao hukwama kuyapeleka kwa Kiswahili mbele ya mgonjwa, na mengi ya maneno hayo yanahusu VVU na UKIMWI. Wakaniuliza: Sheikh, tufanye nini? Nikaona kwamba suala hilo si la wakalimani peke yao. Ni letu sote, kwani mtu akipewa habari ya mwili wake kwa neno lisilo sahihi, ataamua jambo lisilo sahihi, na pengine roho yake ndiyo itakayolipa.

Neno la kwanza kwenye karatasi ile ni lile linaloonekana jepesi kuliko yote: majibu kuwa chanya au hasi. Mtoto wetu aliyesoma hapa Uingereza anajua kwamba kwa Kiingereza cha kila siku chanya ni kitu kizuri. Basi mama yake anapokwenda naye hospitalini ili amtafsirie, daktari anasema majibu ni chanya, mtoto anageuka kwa mama na kusema: "Mama, majibu mazuri." Mama anashukuru, anarudi nyumbani. Katika lugha ya maabara, chanya maana yake ni kwamba kile kilichotafutwa kimepatikana, na hasi maana yake hakikupatikana. Kwa hiyo ninawaomba wakalimani wetu wasiishie kwenye "chanya" na "hasi". Semeni kwa ukamilifu: "virusi vimeonekana katika damu yako" au "virusi havikuonekana". Na ninawaomba wazazi wasimchukue mtoto wa miaka kumi na miwili kuwa mkalimani wa jambo kama hili. Hospitali za nchi hii zina wajibu wa kutafuta mkalimani, na huduma hiyo mgonjwa hailipii.

Tuje sasa kwenye jina lenyewe.

Ugonjwa huu ulianza kuandikwa na matabibu mwezi Juni 1981, huko Marekani, walipoona vijana watano wa Los Angeles wana homa ya mapafu ya aina ambayo kwa kawaida haimpati mtu mwenye kinga timamu. Mwaka 1982 ukapewa jina, kabla ya yeyote kujua unasababishwa na nini. Mwaka 1983 wataalamu wa Taasisi ya Pasteur mjini Paris wakakitambua kirusi, na mwaka 1986 kirusi hicho kikapewa jina lake la kimataifa. Zingatieni mpangilio huo: jina la hali ya maradhi lilitangulia, jina la kirusi likafuata miaka minne baadaye. Huko kwetu nako watu hawakungoja wataalamu. Kusini mwa Uganda wakauita "slim" kwa sababu ya kukonda, na kwa matamshi ya Kiganda ikawa "siliimu". Kagera wakauita "Juliana", jina la kitambaa kilichokuwa kikiuzwa na wachuuzi wa mpakani. Nadhani mnaliona tatizo la "siliimu" kwa sikio la Mswahili Muislamu, ambaye kwake kusilimu ni kuingia katika dini ya Allah. Alhamdulillah neno hilo halikudumu pwani.

Kiswahili sanifu kikatupatia UKIMWI, kifupi cha Upungufu wa Kinga Mwilini. Wako waliosema "Ukosefu", na mpaka leo utalikuta katika vitabu. Mimi napendelea "upungufu", kwa kuwa kinga hupungua hatua kwa hatua, na mtu anayepungukiwa anaweza kurudishiwa, ilhali "ukosefu" unafunga mlango. Kisha kirusi tukakiita VVU, yaani Virusi vya UKIMWI. Hapo ndipo pana kasoro ambayo ningependa muielewe vizuri. Jina la kimataifa la kirusi hicho halina neno UKIMWI ndani yake. Linasema tu kwamba ni kirusi kinachopunguza kinga ya binadamu. Shirika la Umoja wa Mataifa linaloshughulikia UKIMWI, katika mwongozo wake wa istilahi, linawaomba waandishi wa Kiingereza wasiseme "kirusi cha UKIMWI", kwani usemi huo unavichanganya vitu viwili. Sisi tumekwisha kuuweka mchanganyiko huo ndani ya jina rasmi! Siwaambii tubadilishe, neno limeshakaa, serikali na hospitali zinalitumia, na lugha haigeuzwi na imamu mmoja baada ya Tarawehe. Lakini tujue kwamba kwa sababu ya jina hilo Mswahili akisikia VVU husikia UKIMWI, na akisikia UKIMWI husikia kaburi.

Basi tofauti ni hii. VVU ni virusi: vinaingia mwilini, vinashambulia chembechembe nyeupe za damu ziitwazo CD4, ambazo ni kama makamanda wa jeshi la kinga. Mtu anaweza kuishi navyo miaka mingi bila dalili yoyote. UKIMWI ni hatua ya mwisho ya mtu asiyetibiwa, pale CD4 zinaposhuka chini ya 200 katika kipimo kidogo cha damu kinachotumika maabara, au pale yanapojitokeza yale tunayoyaita magonjwa nyemelezi. Neno hili "nyemelezi" ni zuri mno, na aliyelitunga Allah amlipe kheri: ni magonjwa yanayomnyatia mtu, yanangoja mlinzi asinzie, kama vile kifua kikuu na baadhi ya aina za saratani. Mtu mwenye VVU anayemeza dawa zake vizuri huenda asiifikie hatua hiyo maishani mwake. Kusema juu yake kwamba "ana UKIMWI" ni kusema jambo lisilo kweli.

Mtaniambia: Sheikh, hiyo ni tofauti ya madaktari, inatuhusu nini sisi watu wa dini? Inawahusu, na wanazuoni waliiona mapema. Mwaka 1995, nami nikiwa bado mwanafunzi, Majma'u ya Kimataifa ya Fiqhi ya Kiislamu ilikutana Abu Dhabi na kutoa maamuzi juu ya maradhi haya. Miongoni mwa waliyoyaamua ni kwamba, kwa kuwa maambukizi hayapatikani kwa kuishi pamoja, kugusana, kuvuta hewa moja, kula na kunywa pamoja wala kwa kuumwa na wadudu, basi si wajibu kisheria kumtenga mwenye virusi na wenzake walio wazima. Wakaamua kwamba kumwambukiza mtu kwa makusudi, kwa njia yoyote, ni haramu na ni katika madhambi makubwa. Wakampa mke au mume aliye mzima haki ya kudai kutengana akitaka. Na wakaamua jambo moja la kisheria lililonivutia sana: kwamba hali hii haihesabiwi kuwa maradhi ya mauti mpaka dalili zake zitimie, zimzuie mtu kuendesha maisha yake ya kawaida, na ziungane na kifo.

Wanafunzi wa fiqhi mnajua uzito wa maneno hayo. Mtu aliye katika maradhi ya mauti hana uhuru kamili katika mali yake. Hiba yake inatazamwa kama wasia, talaka yake ina hukumu yake katika mirathi. Lau tungesema kila mwenye VVU yumo katika maradhi ya mauti, tungemfungia mikono kijana wa miaka thelathini anayefanya kazi, analea watoto na kujenga nyumba, eti kwa sababu ndugu zake wanangoja. Wanazuoni wale, katika zama ambazo dawa zilikuwa bado dhaifu, walikataa kuichanganya hali ya kuwa na virusi na hali ya kukaribia kufa. Itakuwaje sisi leo, zaidi ya miaka thelathini baadaye, tuchanganye?

Nitaongeza neno moja la Kiarabu, kwa ajili ya ndugu zetu waliokuja hapa kutoka Oman na Imarati. Kwa Kiarabu maradhi haya huitwa mutalazima ya upungufu wa kinga "al-muktasaba". Mutalazima ni mkusanyiko wa dalili zinazoandamana. Ama muktasaba, mzizi wake ni kasaba, kuchuma, nao katika Qur'ani unakuja mara nyingi kwa maana ya matendo ambayo nafsi imejichumia. Kwa hiyo yuko anayelisikia jina hilo na kudhani kwamba lugha yenyewe inashuhudia kuwa mgonjwa ameyachuma kwa dhambi yake. Sivyo. Katika tiba muktasaba ni kinyume cha alichozaliwa nacho mtu kutokana na nasaba yake. Hata kinga anayoipata mtoto kwa chanjo huitwa muktasaba. Mke aliyeambukizwa na mumewe katika ndoa ya halali amechuma nini? Mtoto aliyezaliwa navyo? Muuguzi aliyechomwa na sindano akimhudumia mgonjwa?

Najua pia ile Hadithi aliyoipokea Ibn Majah, inayosema kwamba uchafu wa zinaa ukidhihiri hadharani katika watu, huenea kwao maradhi ambayo hawakuwa nayo waliowatangulia. Wahubiri tumeisoma sana mimbarini miaka hiyo. Inazungumza juu ya umma na mwenendo wa jamii. Haimpi mtu yeyote kibali cha kumtazama Fulani binti Fulani aliyelala kitandani na kuhukumu kwamba alizini. Sheria inataka mashahidi wanne kwa tuhuma hiyo, na imemwekea adhabu anayeitoa bila ya hao wanne. Karatasi ya maabara si shahidi hata mmoja.

Na hapa naingia kwenye maneno ya mtaani. Nikitaja "amekanyaga miwaya", vijana wa Dar es Salaam wanacheka. "Ana ngoma", "ana mdudu", "kaungua" — kila mji una lake. Magazeti nayo yanasema "waathirika" au "wahanga", kana kwamba mtu mzima mwenye akili na kazi yake amekuwa ajali ya barabarani. Lakini tazameni Suratul-Hujurat. Katika aya zinazofuatana, Mola wetu anakataza watu kudharauliana, anakataza kuitana kwa majina ya kubandikana, kisha anakataza dhana mbaya, upelelezi na kusengenyana. Mnaona jinsi mlolongo ulivyo? Linaanza jina, inafuata dhana, ifuatayo ni kupekua, mwisho wake ni kumla ndugu yako nyama. Neno linalofaa ni "anayeishi na VVU". Ni refu kidogo, sikatai. Na mara nyingi halihitajiki hata hilo, kwa kuwa hapana haja ya kuitaja hali yake kabisa.

Unyanyapaa, ndugu zangu, si neno lililoletwa na mashirika ya misaada. Kunyanyapaa ni Kiswahili chetu cha asili: kumwepuka mtu kwa kinyaa. Nami nimeuona katika jumuiya yetu, si mbali. Alifariki mama mmoja katika mji wa jirani, mnong'ono ukapita, na walioitwa kumwosha wakaanza kutoa udhuru mmoja baada ya mwingine, huyu mgongo, yule mtoto hana wa kumwangalia, mpaka akapatikana mtu wa mbali. Maiti wa mtu aliyekuwa na VVU huoshwa, hukafiniwa na kusaliwa kama maiti mwingine. Mwoshaji avae glavu na aproni, na afunike jeraha lolote alilo nalo mkononi. Tahadhari hizo hizo ndizo zinazotakiwa kwa kila maiti, kwani wengi tunaowaosha hatujui walikuwa na nini. Kuosha ni fardhi ya kutoshelezana. Wakiiacha wote, wote wamepata dhambi.

Nirejee kwenye karatasi ya dada zetu. Neno la pili lililowasumbua ni lile la "kutoonekana". Mgonjwa anayetumia dawa za kufubaza virusi hupimwa wingi wa virusi katika damu. Baada ya miezi kadhaa ya kumeza dawa bila kuruka, virusi vinakuwa vichache kiasi kwamba kipimo hakivioni. Daktari anafurahi na kusema: "Havionekani." Mkalimani anatafsiri: "Umepona." Basi mgonjwa anasujudu sijda ya shukrani, anarudi nyumbani, anaziweka dawa kabatini. Baada ya wiki chache virusi vimerejea. Ndugu zangu, dawa hizi zinafubaza, kama panga lililotiwa butu: panga lipo, makali hayapo. Virusi vinabaki vimejificha mwilini, na dawa ikiachwa huamka. Kwa hiyo tafsiri ni: "Dawa zimevidhibiti virusi hadi kipimo hakivioni, endelea na dawa hizo hizo kila siku."

Lakini "kutoonekana" kuna habari njema ambayo watu wetu wengi bado haijawafikia. Utafiti mkubwa uitwao PARTNER, uliofanyika katika nchi za Ulaya na kuchapishwa mwaka 2016 na tena 2019, uliwafuatilia mamia ya wenza ambao mmoja ana VVU anatumia dawa na virusi vyake vimedhibitiwa, na mwenzake hana. Halikupatikana hata tukio moja la mwenza kumwambukiza mwenzake. Ndiyo maana madaktari wanasema leo kwamba asiyeonekana virusi haambukizi kwa njia ya tendo la ndoa. Maana yake katika nyumba zetu ni nzito: wanandoa waliokuwa wamelala vyumba tofauti kwa hofu wanaweza kurudi katika maisha ya ndoa, wanaweza kuzaa watoto wasio na virusi. Hata hivyo msiivute habari hii kupita mpaka wake. Utafiti ule ulihusu tendo la ndoa. Haukuzungumzia kunyonyesha wala kuchangia sindano.

Na kwa kuwa nimetaja kunyonyesha, hapa pana fitina ya habari inayowachanganya mno akina mama walio ughaibuni. Mama anamuuliza dada yake aliyeko Tanga, naye anamwambia: "Mimi niliambiwa na nesi ninyonyeshe miezi sita, maziwa yangu tu, huku nikimeza dawa." Mama huyo huyo akienda kliniki hapa anaambiwa kwamba njia iliyo salama kabisa ni maziwa ya kopo. Anajiuliza, nani mwongo? Hakuna mwongo. Shirika la Afya Duniani linatazama nchi ambazo maji safi hayana uhakika na mtoto asiyenyonya anaweza kufa kwa kuhara. Huko kunyonyesha pamoja na dawa kuna salama zaidi. Hapa maji ni safi na maziwa yanapatikana, kwa hiyo mizani inaelemea upande mwingine. Na mama ambaye virusi vyake vimedhibitiwa, akichagua kunyonyesha hata hapa, madaktari wanaelekezwa wamsaidie na kumfuatilia kwa karibu, badala ya kumkemea. Fatwa hubadilika kwa kubadilika mahali na hali. Mbona hilo tunalielewa katika fiqhi, tukashindwa kulielewa katika tiba?

Hili linanipeleka kwenye suala la vyanzo vya habari. Tuna elimu ambayo umma mwingine hauna mfano wake, elimu ya sanad. Wanazuoni wa Hadithi waliuliza: nani kasema? Kaipata kwa nani? Walikutana? Hifadhi yake ilikuwaje? Na katika hukumu waliuliza: ipi iliyotangulia na ipi iliyoifuta? Ninastaajabu kwamba mtu anayekataa Hadithi kwa sababu ya mpokezi mmoja asiyejulikana, anapokea kwenye simu yake sauti ya dakika nne, haina jina la msemaji, haina tarehe, haina mji, ikisema kwamba habbatsauda na asali huondoa VVU kwa siku arobaini, na papo hapo anaisambaza kwa makundi saba!

Tarehe, hasa, iangalieni sana. Habari za VVU zilizoandikwa kabla ya 1996 ni za zama ambazo hapakuwa na matibabu ya dawa kadhaa kwa pamoja. Zilizoandikwa kabla ya 2015 zinaweza kukuambia usianze dawa mpaka CD4 zishuke, ilhali tangu mwaka huo Shirika la Afya Duniani linashauri kila aliyegundulika aanze dawa bila kungoja. Kijitabu kile chenye picha ya fuvu kilichoko kabatini kwa wazee wetu kilikuwa na ukweli wa siku zake. Leo ni mansukh.

Mnaikumbuka Loliondo, mwaka 2011. Maelfu kwa maelfu walisafiri hadi kijiji cha Samunge kunywa kikombe, magari yakapanga foleni ya kilomita, na hata hapa Ulaya wapo waliokata tiketi. Wapo waliokunywa wakaacha dawa zao, na kati ya hao wapo waliozikwa. Wala tusiwacheke, maana katika upande wetu pia wako wanaofungua darsa za ruqya na kumwambia mgonjwa athibitishe imani yake kwa kutupa vidonge. Ruqya ni haki na dua ni silaha ya Muumini. Anayemwamrisha mgonjwa kuacha dawa, huyo ana Hadithi yake. Abu Daud amepokea kisa cha sahaba aliyejeruhiwa kichwani safarini, akapatwa na janaba, akawauliza wenzake kama anayo ruhusa ya kutayamamu. Wakamwambia hana. Akaoga, akafa. Habari ilipomfikia Mtume (S.A.W.) alighadhibika, akawahesabu waliompa jibu lile kuwa ndio waliomuua, akawalaumu kwamba hawakuuliza walipokuwa hawajui. Wale hawakuwa waovu. Walikuwa watu wema waliosema bila elimu.

Basi wa kuulizwa hapa ni nani? Kwanza, daktari wako na kliniki ya VVU. Pili, tovuti ya huduma ya afya ya taifa, ambayo huonyesha chini ya kila ukurasa ilipitiwa lini. Tatu, Terrence Higgins Trust, taasisi iliyoanzishwa hapa Uingereza mwaka 1982, yenye simu ya ushauri. Na kwa anayetumia dawa nyingine au mitishamba, Chuo Kikuu cha Liverpool kina ukurasa unaoonyesha dawa zipi hazipatani na dawa za VVU. Hata dawa za kiungulia zinazouzwa dukani huweza kuidhoofisha baadhi yake, sembuse mizizi iliyotumwa kwenye begi kutoka nyumbani.

Kuna hofu mbili ninazozisikia mara kwa mara. Ya kwanza inatoka kwa waliowahi kufanya kazi Ghuba. Huko katika nchi kadhaa mgeni hupimwa kabla ya kupewa ukaazi, na akikutwa na virusi hunyimwa au hurudishwa kwao. Mtu akihamia hapa anadhani sheria ni ile ile, hivyo anakimbia kupimwa. Hapa kupima VVU si sharti la viza. Na tangu Oktoba 2012 matibabu ya VVU katika England ni bure kwa kila mtu, hata ambaye makaratasi yake hayajakamilika. Sheria ya usawa ya 2010 pia inamlinda mwenye VVU asibaguliwe kazini, tangu siku anayogundulika.

Hofu ya pili ni sisi wenyewe. Mtu anaogopa kwamba mkalimani ni mke wa fulani, na kabla ya Ijumaa msikiti mzima utajua. Ninawaambia wagonjwa: mna haki ya kuomba mkalimani wa simu kutoka mji mwingine, bila kutaja jina lenu kwake. Na ninawaambia wakalimani: hiyo ni amana. Mumeo si sehemu ya amana hiyo, wala mama yako, wala mimi. Usije kwangu kuomba ushauri ukimtaja mtu kwa jina.

Mengine nitayapitia haraka, muda umekwenda. Kuanzia 2022, hospitali za dharura za London na za miji mingine hupima VVU kila anayetolewa damu, isipokuwa akikataa. Ukipigiwa simu usishtuke. Kipimo cha maabara kina kipindi cha dirisha cha siku 45, yaani kabla ya siku hizo jibu la hasi halijawa la kutegemewa. Vipimo vya kujipimia nyumbani dirisha lake ni siku 90. Wanaofanya kazi katika nyumba za wazee, nanyi ni wengi humu, mkichomwa na sindano iliyotumika nendeni siku hiyo hiyo: zipo dawa za dharura za kuzuia maambukizi, lakini zianze kabla ya saa 72 kupita, na hunywewa kwa wiki nne. Na mwanamke aliyedhulumiwa, Allah atulindie mabinti zetu, saa hizo zinamhusu pia. Asifichwe nyumbani kwa ajili ya aibu.

Ama funga. Kutolewa damu kidogo kwa ajili ya kipimo hakufunguzi, wala sindano ya tiba isiyokuwa ya kulisha mwili. Ndivyo ilivyoamua Majma'u ya Fiqhi mjini Jeddah mwaka 1997. Kwa hiyo wanaochomwa ile sindano mpya ya VVU ya kila miezi miwili wasiiahirishe kwa sababu ya Ramadhani. Wanaomeza kidonge kimoja kwa siku, wengi wao wanaweza kukihamishia futari au daku, lakini baadhi ya dawa ni lazima ziliwe pamoja na chakula, na kuna anayetumia mara mbili kwa siku, na Ramadhani ya kiangazi hapa huzidi saa kumi na nane. Muulize daktari wako kabla ya kubadilisha saa. Akikuambia hali yako hairuhusu kufunga, basi ruhusa ya mgonjwa imo katika aya zile zile za Suratul-Baqara zilizofaradhisha funga. Na anayemwona mwenzake hakufunga, asimuulize ana nini.

Nchini Uganda, mwaka 1992, jumuiya ya madaktari Waislamu ilianza kuwafunza maimamu wa vijijini elimu hii, nao wakaenda nyumba kwa nyumba pamoja na wasaidizi wao, wanaume kwa wanawake, wakizungumza na familia. Ikiwa maimamu wa vijijini waliweza wakati ambapo dawa hazikuwepo, kamati yetu inaweza kuandaa karatasi ya maneno thelathini. Dada zetu wakalimani wameshaianza. Muuguzi wetu, aliyejitolea na ambaye sitamtaja, atakuwa katika chumba cha maktaba kila Jumapili baada ya Adhuhuri mpaka Ramadhani iishe. Mlango wake ni wa nyuma, upande wa maegesho, hauonekani kutoka ukumbini. Anayetaka kuuliza jambo aende. Wenye maneno ya kuongeza kwenye orodha, ya Kiunguja, ya Kimvita, ya Chimiini kwa ndugu zetu Wabarawa, ya Kiswahili cha Kongo, wayaandike na kuyatia katika sanduku lililo kando ya rafu ya viatu.

Wabillahi tawfiq. Wassalaamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Tunyooshe safu kwa ajili ya Witri.